Mama wa Darini

Jumamosi ile, saa tisa alasiri, Tabea alikuwa ameketi nyuma ya cherehani yake sokoni Kwa Mrombo, anapunguza suruali ya mtumba, pini nne ziko mdomoni, aliposikia mume wake anauawa redioni.

Sauti haikuwa ya Elinami. Ilikuwa ya mwigizaji fulani mwenye Kiswahili cha Dar es Salaam, akiomba asamehewe roho yake kwa maneno mengi ambayo Elinami asingeyatamka hata kwa kulipwa. Lakini mvua ilikuwa ya kweli. Mtu alikuwa amekwenda kuinasa ikipiga kwenye bati. Kisha muziki ukashuka, na mtangazaji akasema taratibu, kama anayenong'ona: "Wauaji hawakujua, wapendwa wasikilizaji, kwamba juu ya vichwa vyao, darini, palikuwa na macho mawili yanawatazama."

Tabea akatoa pini mdomoni moja moja, akazichomeka kwenye kitambaa.

"Hilo la darini wameongeza wao, sivyo?" aliuliza Kandida kutoka kibanda cha pili. Kandida alikuwa Mchaga wa Kibosho, muuza vitambaa, rafiki yake wa siku zote, na ndiye aliyempeleka kwenye redio ile kwa mkono wake mwenyewe.

"Wameongeza," Tabea alijibu.

Akainamia kazi yake, lakini mguu uligoma kukanyaga.

Mambo yenyewe yalitokea miaka sita nyuma, Novemba ya mwaka tisini na saba, kwenye zile mvua za El Nino zilizozoa madaraja. Wanunuzi binafsi wa kahawa walikuwa wameanza kupanda mpaka vijijini na fedha taslimu, na Elinami alikuwa mpimaji wa mmoja wao huko juu mlimani, Akheri. Mizani na sanduku la fedha vilikaa nyumbani kwake. Alasiri moja watu watatu waliovaa makoti ya mvua waliingia uani, wakamkokota mpaka jiko la nje, wakapata walichokifuata chini ya kuni, na walipokwisha kukipata wakamkata kwa panga.

Tabea aliwaambia polisi kwamba alikuwa mtoni, na kwamba aliporudi alimkuta amelala kwenye majivu. Akamwambia mchungaji hivyo hivyo. Akamwambia mama mkwe wake, Mama Elinami, hivyo hivyo. Lakini hakuwa mtoni. Alikuwa darini, juu ya jiko lile lile, amepanda kuchukua mahindi. Alilala kifudifudi juu ya mbao nyeusi kwa moshi, akaona kila kitu kupitia nyufa. Mmoja wa wale watu aliinua uso juu. Tabea akafumba macho. Hakujua kama alionwa au hakuonwa. Kwa miaka sita, tangu ashuke mjini na binti yake Princess, mtoto wa miaka miwili wakati ule, swali hilo lilikuwa likimkalia kifuani kila mteja wa kiume aliposimama mbele yake muda mrefu kuliko ilivyohitajika.

Kipindi kiliitwa Makovu Yasemayo. Redio yenyewe ilikuwa mpya, moja ya zile za FM zilizochipuka mjini baada ya serikali kuruhusu redio za watu binafsi, nayo ilikaa ghorofani katika jengo moja pale Themi. Watu walisimulia yaliyowapata, waigizaji wakayaigiza. Soko zima lilifungulia redio kukisikiliza. Kandida alisema, "Nenda ukautue huo mzigo. Jina wanabadilisha." Tabea akaenda, Kandida akimsindikiza mpaka mlangoni.

Mtangazaji, Aristides, alikuwa kijana mpole mwenye miwani. Alimpa chai ya maziwa, akamwita dada, akamsikiliza bila kumkatiza hata mara moja. Tabea alipofika kwenye majivu, kijana alivua miwani akafuta macho. Yalikuwa machozi ya kweli. Tabea aliyaona yakilowesha ukosi wa shati. Labda ndiyo sababu, walipomaliza, aliuliza, "Hicho kinasa sauti kimezimwa?"

"Kimezimwa, dada."

Ndipo akamwambia la darini. Alikuwa hajawahi kulisema mbele ya mtu. Alipomaliza akasema, "Hili si la redio."

"Litaishia hapa," Aristides akasema, na akamshika mkono.

Jumamosi ya kwanza waliigiza kama alivyokubali: mke yuko mtoni, anarudi, anamkuta. Tabea alisikiliza, akalia, akajisikia mwepesi. Barua zilikuja kutoka Usa River, kutoka Ngaramtoni, za wajane wenzake, na mmoja alisema alikuwa hajaomboleza sawasawa mpaka siku hiyo. Tabea hakuwahi kukana kwamba alifurahi. Kwa wiki nzima alikula akashiba.

Kisha ikaja Jumamosi ya pili, na macho mawili darini.

Jumatatu alipanda ngazi za Themi akiwa amejifunga kanga kichwani mpaka kwenye nyusi. Aristides alimpokea kwa furaha, akamvutia kiti.

"Dada Tabea, nilikuwa nataka kukutafuta."

"Uliniambia kimezimwa."

"Kilikuwa kimezimwa. Mimi nilikumbuka tu." Alishusha sauti. "Sikiliza. Jina ni Mama Upendo, kijiji hatukutaja. Kipindi cha kwanza kilipendwa, lakini watu waliuliza: mbona huyu mke hakuona chochote? Mkurugenzi akasema hadithi haina moto. Nami nilikuwa nao, mfukoni. Ningefanyaje?"

"Ungenyamaza."

Aristides alitazama meza. Ilikuwa dhahiri kwamba aliona haya, na ilikuwa dhahiri pia kwamba haya hiyo haingemzuia. "Mkurugenzi anataka tukiweke hata kwenye intaneti," alisema. "Kuna Wameru wako Marekani, wameandika wanakitaka. Hiki kitu kimekuwa kikubwa, dada. Na sasa kimekuja hiki."

Akatoa karatasi iliyokunjwa mara nne. Ilisukumwa chini ya mlango asubuhi ile, alisema, haina stempu. Tabea akaisoma amesimama. Mwandiko ulikuwa wa mtu asiyeandika mara kwa mara, herufi zikipanda na kushuka.

*Kwa mtangazaji. Umekosea. Sisi hatukucheka, hakuna aliyecheka. Na si kweli kwamba hatukujua. Punje ya mahindi iliniangukia juu ya kofia, nikainua macho nikaona kisigino. Wenzangu waliniuliza, huko juu kuna nini, nikasema kuna panya. Huyo mama nimemfuata mpaka mjini. Si kwa ubaya. Anashona vizuri. Amenipunguzia kiuno mara tatu na hakunitambua.*

Punje ya mahindi. Hilo hakuwa amemwambia Aristides. Hakuwa hata analijua.

Tabea akaketi kwenye kile kiti alichovutiwa. Mara tatu. Alimkumbuka. Mtu mrefu, mwenye adabu, suruali moja ya kijivu aliyoileta kila baada ya miezi kadhaa kwa sababu alikuwa anaisha mwili. Mara ya mwisho kiuno kilikuwa kimepungua mpaka mifuko ya nyuma ikakaribia kugusana. Alikohoa akageuza uso pembeni, kistaarabu. Alimletea Princess ndizi mbivu. Tabea alikuwa amezungusha mikono yake miwili kiunoni mwa mtu huyo, na kumwomba asipumue.

"Umeona?" Aristides alisema. "Ni yeye. Tutaisoma Jumamosi. Mkurugenzi ameshaanza kuitangaza."

"Aristides, usiisome."

"Dada—"

"Walikuwa watatu. Huyu mmoja aliwaambia wenzake ni panya. Ukisoma, hao wawili watajua kwamba hakuwa panya. Nina mtoto. Nakuomba kama ninavyomwomba Mungu."

Kijana alivua miwani akaifuta, ingawa safari hii macho yake yalikuwa makavu. Alisema atazungumza na mkurugenzi. Alisema ataona. Tabea alipotaka kuichukua ile barua, aliirudisha taratibu chini ya kiganja chake na kusema hiyo ni mali ya redio.

Wiki ile Tabea aliiishi kama mtu anayetembea juu ya maji yaliyofunikwa na majani. Alihamisha cherehani ili mgongo wake ukae ukutani. Suruali za wanaume alizipima kwa kumwomba mteja ashike futi mwenyewe. Mtu akikohoa nyuma ya marundo ya mitumba, vidole vyake vinapoteza mshono. Kandida alimuuliza mara mbili kama ana malaria.

Jumatano alimfuata Princess shuleni mapema. Ilikuwa mapumziko. Chini ya miti ya misederea watoto walikuwa wamefanya duara. Watatu wamejifunika masweta kichwani kama makoti ya mvua, mmoja amelala chini anatupa miguu, na juu ya benchi lililovunjika, amelala kifudifudi, ametulia kuliko mtoto yeyote anavyopaswa kutulia, alikuwa Princess.

"Mimi ndiye Mama wa Darini," alisema walipokuwa njiani, akiruka madimbwi. "Wamenichagua kwa sababu mimi ndiye ninayeweza kukaa bila kupumua."

Tabea alimshika mkono kwa nguvu mpaka mtoto akalalamika.

Jumamosi ikafika. Saa tisa redio zote za Kwa Mrombo zilikuwa zimefunguliwa, na wauza nyanya, mafundi viatu, wachuuzi wa mitumba, wote walikuwa wamesogea karibu. Tabea angeweza kubaki nyumbani, lakini aliogopa zaidi kutojua. Aristides aliisoma barua yote. Aliisoma vizuri, kwa sauti ya chini, akipumzika panapostahili. Hakuruka kisigino, kwa kuwa ndicho kilichokuwa kitamu. Hakuruka hata mstari wa mwisho.

"Anashona," mtu mmoja alisema. "Huyo mama ni fundi cherehani, hapa hapa mjini."

"Atakuwa yule wa soko la katikati ya mji."

"Au hapa Kwa Mrombo. Mafundi si wako watano tu?"

Wakacheka, wakaanza kuhesabu kwa vidole ni yupi mjane. Kandida hakucheka. Alikuwa anamtazama Tabea, mkono uko mdomoni, na polepole uso wake ukabadilika kama wa mtu anayekumbuka kwamba ni yeye aliyeacha mlango wazi. Alikuja akasimama mbele ya kibanda, akaanza kukunjua vitenge, kimoja baada ya kingine, akivining'iniza kwenye kamba mpaka Tabea hakuonekana tena kutoka njiani.

"Ondoka kwa nyuma," alisema bila kugeuka. "Nitafunga mimi."

Jumapili, baada ya ibada ya kwanza, mlango wa chumba chao ulibishwa. Tabea alitazama kwanza kwenye upenyo. Alikuwa Mama Elinami, amevaa gauni lake la kwaya na kofia ya sufu, viatu vimejaa udongo mwekundu wa mlimani.

"Shikamoo, Mama."

Mama Elinami hakuitikia. Katika miaka yote tangu Tabea aolewe, hiyo ilikuwa mara ya kwanza. Aliingia, akakaa kwenye ukingo wa kitanda, akamwambia Princess aende kwa jirani. Kisha akasema, "Ulikuwa darini?"

Tabea akarudisha komeo la mlango.

"Nakuuliza. Redio inasema ulikuwa darini."

"Nilikuwepo, Mama."

"Miaka sita nakuuliza mwanangu alisema nini mwisho. Krismasi nakuuliza. Pasaka nakuuliza. Unaniambia hukuwepo. Redio imejua kabla yangu. Wauza nyanya wamejua kabla yangu."

"Niliogopa. Mmoja aliangalia juu. Nikadhani nikisema wataambiwa."

"Mimi ningewaambia?"

Tabea alikaa sakafuni, kwenye mkeka, karibu na vile viatu vya udongo. Alipoanza kusema sauti yake ilitoka nyembamba, si ile aliyoitumia mbele ya Aristides.

"Walimuuliza mke wako yuko wapi. Alijua niko juu yake. Alikuwa amenishikia ngazi dakika chache nyuma. Akasema, mke wangu yuko mtoni. Wakampiga, wakamuuliza tena. Akasema, nimewaambia yuko mtoni. Hakusema neno jingine mpaka mwisho. Hakuomba. Yule wa redioni anaomba, lakini Elinami hakuomba." Akapangusa udongo wa kiatu kimoja kwa ncha ya kanga. "Na mimi nikaendelea kusema hivyo hivyo. Nilikuwa mtoni. Nilidhani nikisema vingine nitakuwa nimemfanya mwongo."

Kwa jirani Princess alikuwa anaimba. Mama mkwe alivua kofia ya sufu, akaishika mapajani, akauliza kwa Kimeru, kwa sauti ndogo kabisa, "Hakunitaja?"

"Hakukutaja, Mama."

Mwanamke yule mzee aliitikia kwa kichwa. Kisha akalia bila kujifunika, kama ambavyo hakuwa amelia hata siku ya mazishi. Alipomaliza alisema, "Kesho tunakwenda polisi, mimi na wewe. Wakikufunga kwa uongo wa kwanza, watufunge wote."

Hawakuwafunga. Afisa aliyewapokea alikuwa mtu mnene mwenye kalamu mbili mfukoni, na Tabea alipoanza kueleza, afisa akaweka kalamu chini.

"Subiri. Kwenye redio walisema walicheka."

"Hawakucheka."

"Na kwamba mume alisema, 'Nihurumieni, nina mke mjamzito.'"

"Hakusema. Sikuwa mjamzito."

"Lakini mimi mwenyewe nilisikia," afisa alisema, si kwa ubishi, ila kama mtu anayenyang'anywa kitu. Mama Elinami akagonga meza kwa kidole kimoja. "Mwanangu," alimwambia, "redio ulishaisikia. Sasa andika anachosema huyu." Akaandika.

Ile suruali ya kijivu ndiyo iliyomtambulisha mwandishi wa barua. Kandida alimkumbuka mtu wa kikohozi. Aliwahi kumsikia akiulizia gari la Momela. Siku nne baadaye polisi walimkuta huko, nyumbani kwa dada yake, kwenye chumba cha nyuma, hawezi tena kusimama. Aliitwa Dismasi. Wakati ule alikuwa mpakia magunia kwenye lori la yule yule mnunuzi wa kahawa. Alimjua Elinami kwa jina, aliwahi kunywa chai nyumbani kwake. Hakukana. Barua aliiandika yeye, akamtuma mpwa wake kuipeleka mjini. Wenzake aliwataja wote wawili. Mmoja alikuwa amekufa zamani kwa ajali. Wa tatu alionekana mara ya mwisho Mirerani kwenye machimbo, na tangu kipindi kile cha Jumamosi hakuna aliyemwona tena.

Walimleta Dismasi hospitali, chini ya ulinzi, na Tabea akaitwa amtambue. Alisimama mlangoni mwa wodi. Yule mtu alikuwa mwembamba kiasi kwamba shuka lilionekana limelala peke yake. Walitazamana. Midomo yake ilitikisika; huenda alitaka kusamehewa, huenda alitaka maji. Tabea alimwambia afisa, "Ndiye," akageuka. Baadaye alijiuliza kama alipaswa kumshukuru kwa lile neno moja, panya, na alishindwa kupata mahali pa kuliweka swali hilo.

Aristides alikuwa anamsubiri nje kwenye ukumbi, kinasa sauti begani.

"Dada Tabea. Nimekosa, najua. Lakini watu wanapiga simu kutwa, wanataka kujua imeishaje. Ukisema wewe mwenyewe, kwa sauti yako, itakuwa haki. Neno moja tu."

"Siku ile ulilia," Tabea alisema. "Ulilia kweli?"

Kijana alishangaa. "Kweli. Naapa."

"Najua. Ningekuwa nimekuona unajifanya, ningejua kujilinda."

Akampita. Mama Elinami, aliyekuwa nyuma yake, alisimama mbele ya Aristides, akakitazama kile chombo, akamuuliza kama kimewashwa. Aristides akasema hapana. "Hata hivyo sisemi," alijibu yule mzee, akamfuata mkwewe.

Dismasi alikufa kabla ya kufikishwa mahakamani. Redio haikungoja. Jumamosi iliyofuata walijitungia mwisho wao: muuaji anapiga magoti mbele ya mjane, mjane anamwinua, kwaya inaingia. Wiki mbili baadaye kanda zake ziliuzwa stendi, zina picha ya mwanamke mrembo darini ambaye Tabea hajawahi kumwona.

Tabea alimpeleka Princess akaishi na bibi yake juu mlimani, akamhamisha shule. Yeye mwenyewe hakuweza kuacha kazi; akasogeza kibanda upande wa pili wa soko, akaanza kushona nguo za wanawake tu. Lakini wanawake huja na waume zao. Alasiri moja mama mmoja aliyemletea gauni alianza kumsimulia ule mwisho wa redioni, jinsi alivyolia mpaka akaunguza mboga. Mumewe alikuwa amesimama pembeni, mgeni, na koti la kazi lenye vumbi la machimbo, kama ya Mirerani. Alikuwa anaangalia mikono ya Tabea.

"Shemeji ni mtu wa wapi?" Tabea aliuliza.

"Wa huku huku," yule mtu alijibu.

Tabea akaizungusha futi kiunoni mwa yule mama, akaisoma namba, akaisahau, akaisoma tena.